Ndoo ya Saa Saba

Kila siku, saa saba na dakika chache mchana, binti yangu alinimwagilia shamba, na hiyo ndiyo salamu pekee niliyokuwa nimebakiwa nayo duniani.

Shamba lenyewe lilikuwa ndani ya simu. Najua utacheka. Cheka umalize, nitakungoja. Naitwa Piusi, mkulima wa Rhotia kwa kuzaliwa, na huu ni mwaka wa tisa natunza jenereta na maboila ya loji moja ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro. Huku hifadhini kulima ni marufuku. Chimba hata tuta la mchicha nyuma ya nyumba za wafanyakazi, utaitwa ofisini ueleze. Mkulima akinyimwa jembe hushika anachopata, na mimi nilishika simu.

Simu niliinunua kwa Gideon, dereva wa watalii, Mmeru wa Usa River anayejua kila kitu isipokuwa kunyamaza. Mgeni mmoja alimwachia wakati anaondoka, na fundi mmoja pale Karatu mjini akaivunja kufuli za kiwandani, ili mwenye nayo aingize anachotaka na afungue hata yale mafaili ya ndani ambayo kampuni haipendi uyaone. Wao huita jelibreki. Mimi nilitaka tochi na redio tu. Mchezo wa shamba aliuweka Vero, mwanangu wa pekee, siku aliyokuja kuniona, wakati mama yake akiwa bado hai.

Mchezo uko hivi. Kijiji kina mashamba kumi na mawili, na kila shamba lina mtu wake halisi huko aliko. Kijiji chetu alikianzisha Vero mwenyewe, akawaingiza rafiki zake wa chuo, na watu wengine ambao sitawaona maisha yangu yote. Kila mtu hupewa ndoo moja ya maji kwa siku, na hawezi kujimwagilia mwenyewe. Lazima ampe jirani. Ukimwagiliwa, ndoo ya bluu hutokea langoni kwako na jina la aliyeileta. Usipoitoa yako, inabaki langoni kwako, imejaa, na kesho yake inaongezeka nyingine.

Vero yuko Songea, anafanya kazi maabara ya hospitali. Saa saba ndipo anapopumzika kula. Mimi saa saba nilikuwa nimeshasimama pembeni ya tangi la maji, maana kwetu mtandao unashika hapo tu, na hapo napo lazima uangalie kwanza kama hakuna nyati. Ndoo yake inafika, nami namrudishia yangu, halafu narudi kwenye maboila. Hatukuandikiana neno. Nikimpigia simu hakupokea, na alikuwa na haki yake.

Mama Vero alifariki mwezi wa tatu. Tulimzika siku ya Alhamisi. Jumamosi asubuhi meneja akanipigia kwamba jenereta limezima, wageni ni arobaini na maji ni ya baridi. Nikaondoka. Watu walikuwa wamekaa nje kwenye mabenchi ya kanisa, sufuria za makande ziko motoni, matanga hayajaanuliwa. Nilipita nyuma ya nyumba, katikati ya mahindi, sikumuaga mtu. Vero alibaki peke yake kupokea pole za kijiji kizima, na kila aliyekuja alimuuliza baba yako yuko wapi. Siku aliyonipigia aliniambia jambo moja tu: "Baba, umemzika mama kama mtu anayewahi gari." Kisha akakata.

Kijijini nako walinisusa. Kwetu kuna msemo kwamba asiyezika hazikwi, na mimi nilikuwa nimezika nusu. Nilipokwenda mwezi wa nne kuangalia nyumba, nilisalimia barabara nzima nikaitikiwa na mbwa. Sikurudi tena.

Kwa hiyo elewa ile ndoo ilikuwa nini kwangu. Mtu ana ndoo moja kwa siku na majirani kumi na mmoja, na kila siku anakuchagua wewe uliyemuudhi. Niliishi kwa hiyo. Sioni aibu kusema.

Mwezi wa nane Vero akatundika picha ya ng'ombe kwenye ubao wa kijiji. Pale kila mtu hutundika anachokitaka, misumari, mbao, mbegu. Yeye alitundika ng'ombe wa kijivu. Niliitazama ile picha mpaka boila likaanza kupiga kelele. Vero alipomaliza chuo nilimwahidi mtamba, na mtamba nilikuwa naye, ila ugonjwa wa mama yake ukamla. Sikumlaumu mtu, ugonjwa hauna adabu. Lakini ahadi ilibaki ahadi. Nikaona Mungu amenifungulia kamlango kadogo ka kuitimiza bila kumsemesha mtu asiyetaka kusemeshwa.

Tatizo ni kwamba mimi nilikuwa na kuku wanne na robo eka ya maharage. Nilipiga hesabu nikaona kwa mwendo wangu nitampata huyo ng'ombe baada ya miezi kumi na minne. Nikamweleza Gideon alipokuja jikoni kula kabla ya kuwapokea wageni wake.

"Mzee Piusi, unateseka bure," akasema. "Simu yenyewe ilishavunjwa. Hii kitu tunaipiga dakika mbili."

Tukaenda kwenye tangi. Akafungua kitu kama kabati la mafaili, akaingia kwenye folda la mchezo, akafungua faili moja. Yalikuwa maneno ya Kiingereza yamepangwa mistari mistari, na mwisho wa kila mstari namba. Kuku, nne. Mbao, sita. Ng'ombe, sifuri. Maisha yangu yote ya mle ndani yalikuwa karatasi moja fupi.

"Hapa kwenye sifuri weka moja," Gideon akasema. "Mpe binti, halafu kausha."

Hapo ndipo nilipoharibu, na niliharibu kwa ujuaji wangu. Nilimwambia aweke kumi na mbili.

"Wa nini wote hao, mzee?"

Nikamweleza, kwa sababu Wameru wana mambo yao na sisi Wairaqw tuna yetu. Kwetu mtu mwenye akili hafugi ng'ombe wake wote zizi moja. Mmoja unamweka kwa rafiki kule Ganako, mwingine kwa shemeji, mwingine kwa mtu uliyesoma naye. Wao wanakamua maziwa na kupata samadi, wewe unabaki na ng'ombe wako. Ugonjwa ukija haukumalizi, na mwenye wivu akija kuhesabu anakuta zizi tupu. Zaidi ya yote, unakuwa na watu. Mtu aliyekuwekea ng'ombe huwezi kumpita njiani bila kumsalimia. Sasa mimi nimpe binti yangu ng'ombe mbele ya majirani kumi, niwaache wengine wanatazama? Huo ungekuwa uchoyo, tena uchoyo wa mchana.

Gideon akatikisa kichwa, akaandika kumi na mbili. Nikatuma ng'ombe kumi na mmoja kwa majirani kumi na mmoja, mmoja baada ya mwingine, kwa muda usiofika robo saa. Yule wa kijivu nilimtuma kwanza, kwa Vero. Nikabaki na mmoja wangu, anacheua mbele ya kibanda. Siku hiyo niliimba kwenye maboila, mpaka dobi akauliza kama nimepandishwa mshahara.

Kesho yake saa saba ndoo haikuja.

Nilidhani ni mtandao. Nikazunguka tangi, nikainua simu juu, nikasubiri mpaka saa nane. Kisha nikaona kwamba uzio wa jirani yangu wa kushoto si ule. Ulikuwa wa dhahabu. Wa kulia vilevile. Majina yote ya mashamba yalikuwa mageni. Kwenye ubao wa kijiji palikuwa na barua ndefu ya Kiingereza, nikamsubiri Gideon siku mbili aje anisomee.

Aliisoma kimya, akakuna kichwa. "Wamekukamata, mzee. Wanasema shamba lenye kuku wanne haliwezi kutoa ng'ombe kumi na mmoja ndani ya robo saa. Ng'ombe wote wamewarudisha. Hawajakufungia. Wamekuhamishia kijiji cha waliobadili mafaili, mcheze wenyewe kwa wenyewe."

"Na ningetuma mmoja?"

"Mmoja wasingemwona," akasema, na kwa mara ya kwanza tangu nimfahamu hakuongeza neno.

Nikaishi kijiji hicho wiki tatu. Utajiri wa pale sijawahi kuuona. Shamba moja lilikuwa na ng'ombe elfu tisa wamebanana hawana pa kuweka kwato. Lingine lilikuwa na ghorofa la marumaru na ziwa. Nilipita lango kwa lango nikitafuta mtu. Mchezo unaonyesha mwenye shamba aliingia lini mara ya mwisho: miezi minne iliyopita, mwaka, miaka miwili. Walikuwa wamejiandikia kila kitu, wakakosa cha kungojea, wakaondoka. Siku ya nne nilimpa jirani wa kushoto ndoo yangu, kwa mazoea tu. Ndoo ile imekaa langoni kwake bila kuguswa, na nadhani ipo mpaka leo.

Nilipokuwa kijana, mzee mmoja wa kwetu, Valeriani, alihamisha jiwe la mpaka la mjane. Wazee wakamtenga. Hakuna aliyempiga wala kumtukana. Ila hakuombwa moto, hakusalimiwa, ng'ombe wake walipokwama matopeni alihangaika nao peke yake. Alikuwa akisema baadaye kwamba njaa ni afadhali, maana njaa inajua upo. Alirudi vipi? Hakutuma mtu. Alikwenda mwenyewe kwa yule mjane, akakaa nje ya uzio wake tangu asubuhi, akarudi kesho, akarudi keshokutwa, mpaka mama yule akatoka akamuuliza anataka nini. Niliikumbuka sana habari hiyo mle kwenye uzio wa dhahabu, lakini sikuifanyia kazi. Nilikuwa najihurumia, na mtu anayejihurumia ana shughuli nyingi.

Gideon ndiye aliyenizindua, bila kukusudia. Alikuwa ameuweka mchezo kwenye simu yake ili achungulie kijiji chetu cha zamani, maana mgeni anaruhusiwa kupita na kutazama. Aliufungua pale kwenye tangi, kisha akaniletea simu kwenye maboila.

"Mzee, njoo uone kwako."

Palipokuwa na kibanda changu palikuwa na udongo mtupu na kibao. Akanisomea: mwenye shamba ameondoka. Hakuna neno la kosa, hakuna kukamatwa. Ameondoka tu.

Halafu akasogeza picha mpaka kwa Vero. Langoni kwake palikuwa na ndoo za bluu zimepangwa mstari mpaka zimefika barabarani. Nilizihesabu mara mbili. Zilikuwa ishirini na mbili, zote zimejaa, na zote zina jina lake mwenyewe. Ilikuwa siku ya ishirini na mbili tangu nihamishwe. Ana majirani kumi wa kuwapa, na hakumpa hata mmoja.

Nilikaa juu ya gogo la kuni. Sikuwaza ng'ombe wala mchezo. Niliwaza yule mtoto kule Songea, anafungua simu saa saba na sahani ya wali mkononi, anakuta baba yake ameondoka bila kuaga. Tena. Wiki tatu mimi nalia nimetengwa, na yeye ndiye aliyeachwa mara mbili.

Gideon aliniona nilivyo. "Usijali, mzee. Mle kwenye faili kuna namba ya kijiji. Nikiibadilisha pengine unarudi kimya kimya, wala hawatajua."

"Kupita nyuma," nikasema.

"Ndiyo, kupita nyuma."

"Hapana. Nyuma nimeshapita sana."

Hakuelewa, na sikumweleza. Nilikwenda kwenye tangi nikampigia Vero. Iliita mpaka ikakatika. Nikaanza kuandika ujumbe. Wa kwanza ulisema simu iliharibika. Nikaufuta. Wa pili ulisema kampuni ya mchezo imenionea. Nikaufuta nao. Wa tatu niliuandika nusu saa nzima, vidole vyangu vimezoea spana, na nimeukariri mpaka leo:

"Vero, nilidanganya kwenye mchezo ili nikupe ng'ombe, wakanitoa. Sikuondoka. Msibani niliondoka. Meneja hakuniita, alitaka namba ya fundi wa jenereta wa Karatu. Mimi ndiye niliyesema nakuja. Nilishindwa kukaa na kile kiti cha mama yako. Kesho nakwenda Rhotia kukaa matanga yake. Baba."

Huo ndio ukweli ambao sikuwa nimemwambia hata padri. Nikabonyeza tuma, nikaenda kwa meneja kuomba siku nne. Akauliza kuna nini. Nikamwambia nimefiwa na mke. Akasema si ilikuwa mwezi wa tatu? Nikasema ndiyo, huo huo.

Nilishuka na gari la wafanyakazi mpaka Karatu, nikapanda bodaboda mpaka nyumbani. Nikafagia. Nikatoa viti vyote sita nje, na kile cha mama Vero, chenye mguu uliofungwa waya, nikakiweka katikati. Nikawasha moto, nikapika makande kwa maji ya mvua ya kwenye pipa, yakatoka na chumvi kupita kiasi. Nikakaa.

Kukaa matanga peke yako ni kazi ngumu, nisikudanganye. Huna wa kumwambia asante kwa kuja. Siku ya kwanza watu walipita na bodaboda, wakapunguza mwendo, wakatazama viti, wakaongeza mwendo. Siku ya pili Emilian, tuliyeimba naye kwaya, alisimama barabarani na baiskeli yake.

"Piusi, kuna nini? Nani amekufa?"

"Mama Vero."

"Si alikufa mwezi wa tatu?"

"Ndiyo."

Alisimama kidogo, kama anayetaka kuuliza kitu kingine. Kisha akapanda baiskeli akaenda. Kutoka kwa Vero hakukuja kitu. Jioni ile nilikitazama kile kiti nikalia mpaka nikakohoa, miezi sita yote kwa mara moja, na hapakuwa na mtu wa kuniambia nyamaza, nikanyamaza mwenyewe.

Siku ya tatu ilikuwa Jumamosi. Mchana akaja Germana, mdogo wake mama Vero, anayekaa ng'ambo ya korongo. Alikuwa na ndoo ya maji kichwani na simu mkononi. Hakunisalimia. Aliitua ndoo kwenye mlango wa jiko, akafunua sufuria, akaonja makande kwa ncha ya mwiko, akakunja uso.

"Bomba lako limekatwa tangu mwezi wa sita, shemeji. Ulikuwa unapikia nini?"

"Maji ya pipa."

"Inaonekana." Akavuta kiti, si kile cha katikati, akakaa kando yangu. Akafunga kanga vizuri, kama mtu aliyekuja msibani. Halafu akaninyooshea simu. "Mtoto ananisumbua tangu alfajiri. Anataka kujua kama kweli upo. Nimemwambia naona moshi. Amesema moshi hautoshi."

"Mwambie nipo."

"Mwambie mwenyewe. Hajakata."

Nikaiweka simu sikioni. Upande wa pili nilimsikia anapumua, na nyuma yake milio ya vijiko na watu wanaokula.

"Vero," nikasema. "Nipo. Siondoki mpaka tuanue."

Nilidhani amekata, nikaitoa simu sikioni nikaitazama, nikairudisha.

"Viti viko vingapi nje?" akauliza.

"Sita."

"Na watu?"

"Wawili. Mimi na mama yako mdogo."

Nikamsikia anavuta pumzi, kisha anapenga kamasi pembeni.

"Niwekee kimoja," akasema. "Basi la kesho nimeshakata tiketi."